Spika Nne za Mbuthia

Waruguru alikuwa kibarazani akichambua maharagwe alipomwona mwanawe Ngigi akija na mkokoteni, na jambo la kwanza lililomjia ni kwamba kijana amefukuzwa kazi. Ngigi alikuwa fundi wa redio katika duka moja la Mhindi kule River Road, na mtu aliyefukuzwa ndiye hurudi mapema hivyo akiwa na mizigo. Akaweka ungo chini, akasimama.

"Kuna nini?"

"Hakuna neno, mama. Nimepewa hii."

Juu ya mkokoteni palikuwa na mashine pana kama sanduku la nguo, yenye vifundo vingi vya kuzungusha mbele. Sahani ya kuchezea santuri. Na spika nne ambazo maboksi yake yalikuwa yamefumuka kama mkate uliolowa. Mzungu mmoja alikuwa amezileta dukani zitengenezwe, kisha akafunga virago akarudi kwao bila kuzikumbuka. Zilikaa chini ya meza hadi mwenye duka akachoka kujikwaa, akamwambia Ngigi aziondoe. Ngigi aliziondoa kwa furaha ya bwana harusi.

Huku akishusha vitu, alimweleza mama yake. Redio ya kawaida, alisema, inakusemesha kutoka mbele. Stereo inakusemesha kutoka kushoto na kulia. Hii ilikuwa na midomo minne, kila pembe ya chumba mmoja.

"Inakuweka katikati, mama."

"Katikati ya nini?"

"Ya muziki."

Waruguru alitazama chumba cha mbele, ambacho tayari kilikuwa na meza, kabati la vyombo, makochi mawili na kitanda cha Ngigi nyuma ya pazia, akajiuliza hiyo katikati yenyewe itapatikana wapi. Lakini alimpisha mlangoni. Ngigi alikuwa na miaka ishirini na minne, hakuwa mlevi, hakuwa na maneno na watu wa mtaa wao wa Mbotela. Mtu wa namna hiyo huachiwa ujinga wake mmoja.

Pamoja na mashine ilikuja santuri moja tu, iliyokuwa imebaki juu ya sahani. Jalada lake lilikuwa jeusi, na juu yake vijana wanne wenye nywele za kufika mabegani walikuwa wamesimama kando ya bomba la kiwanda. Hawakuwa wakicheka. Ngigi aliipangusa kwa shati lake.

"Hii ni heavy metal," alisema.

"Ndiyo nini?"

"Chuma kizito."

"Na chuma kinaimbaje?"

"Utasikia."

Mbuthia, baba yake Ngigi, alifika jioni kwa miguu, kofia mkononi, vumbi la mbao kwenye nyusi. Alikuwa seremala katika karakana moja ya fanicha kule Industrial Area, eneo la viwanda. Alisimama mbele ya zile spika kwa muda, kisha akakwangua ukingo wa boksi moja kwa ukucha, na unga wa mbao ukammwagikia kiganjani.

"Hii si mbao," alisema. "Ni vumbi limebandikwa gundi."

"Najua, baba. Lakini spika zenyewe ni nzima."

"Nitakutengenezea maboksi."

Kwa Mbuthia hayo yalikuwa maneno mengi. Waruguru, aliyekuwa akikoroga ugali, aligeuza kichwa.

Hakuwa mtu mkali, mumewe. Watu waliomfahamu juujuu walimwita mpole. Alikuwa amerudi kutoka kizuizini Manyani mwaka wa hamsini na tisa akiwa na mikono yake miwili na miguu yake miwili, jambo ambalo si kila mke alilipata, akatafuta kazi, akaipata, wakaomba nyumba ya baraza la jiji, wakaipata, na tangu siku hiyo hakuwahi kusimulia hata neno moja kuhusu alikotoka. Mwaka wa kwanza Waruguru alimuuliza. Alikuwa akijibu kwa kutoka nje. Mwaka wa pili hakumuuliza tena. Alijifunza badala yake mambo ambayo hayahitaji kuulizwa: kwamba mumewe huketi mgongo ukiwa ukutani, hata kanisani, ambako viti vya nyuma kabisa vilikuwa kama vyake; kwamba haitwi kutoka nyuma; kwamba mlango wa chumba cha kulala haufungwi. Mtu akikaa na mambo hayo miaka mingi huacha kuyaona. Ngigi naye alikuwa amekulia ndani yake. Aliambiwa kwamba baba yake aliwekwa kizuizini wakati wa Imajensi, ile hali ya hatari ya wakoloni, akalichukua jambo hilo kama watoto wenzake walivyolichukua, maana nusu ya akina baba wa mtaa walikuwa wamewekwa.

Maboksi yalichukua wiki kadhaa. Jumamosi mchana Mbuthia alirudi na vipande vya plaiwudi vilivyobaki karakanani, na baba na mwana wakaketi uani wakifanya kazi. Mmoja alipima, mwingine akashika. Ngigi aliwahi kujaribu kueleza kwa nini santuri yenyewe imekatwa kwa namna ya peke yake ili ibebe sauti nne katika mfereji mmoja. Mbuthia alisikiliza, akatikisa kichwa, akasema, "Nipe msasa." Lakini alipiga msasa kwa uangalifu ambao hakuutumia kwa meza za watu, na mwishoni alipaka vanishi mara mbili, na maboksi yakakauka kibarazani yakiwa mazuri hata majirani wakauliza kama yanauzwa.

Jumapili kazi hiyo ilipokamilika, baada ya kanisa, Ngigi aliondoa pazia, akasimamisha kitanda ukutani na kuburuta meza hadi chumba cha pili. Spika zikakaa katika pembe nne, kila moja ikikitazama kiti cha mbao kilichowekwa katikati. Katikati ilipatikana, ila mtu mwingine akitaka kupita ilibidi aingie ubavu.

Jirani wao wa ukuta mmoja, Benta, alikuja na bintiye Roseline kabla hata hajaitwa. Mumewe, Walter Ochola, alikuwa mfanyakazi wa reli na siku hiyo alikuwa zamuni.

"Nimeona samani zinatembea," Benta alisema. "Mnahama?"

"Keti hapa, Mama Roseline," Ngigi alimwambia. "Wewe ndiye wa kwanza."

Benta aliketi, akakunja khanga magotini kama anayepigwa picha. Ngigi akateremsha sindano.

Kwanza ilikuja ngoma peke yake, kutoka nyuma, kama mtu anayegonga mlango wa uani. Kisha magitaa yakaingia mbele kwa pamoja, mazito, ya polepole, kama lori la mawe linalopanda mlima kwa gia ya kwanza. Vikombe kabatini vikaanza kuongea. Benta alishika kiti kwa mikono miwili.

"Yesu! Kuna mtu nyuma yangu!"

"Ni besi hiyo!" Ngigi alipaza sauti.

"Besi gani inampumulia mtu shingoni?"

Akacheka hadi machozi yakamtoka. Roseline naye alipewa zamu yake, akatikisa miguu, akasema bora bendi ya Kilimambogo, ila hii pia si mbaya. Benta alipoondoka alisema atamleta Walter amwambie kama treni yake inafikia kelele hizo, na akasikika akiendelea kucheka upande wa pili wa ukuta.

Waruguru aliyasikiliza hayo akiwa mlangoni pa jikoni, taulo begani. Alikuwa amejiandaa kuchukia, na akashangaa kidogo kuona hachukii. Ilikuwa kama sauti za Industrial Area anazozisikia kila upepo ukigeuka, ila mtu amezishika na kuzipanga.

"Sasa baba," Ngigi alisema.

Mbuthia alikuwa ameketi kwenye kochi, mgongo ukutani. Waruguru alidhani atakataa. Lakini maboksi yalikuwa kazi ya mikono yake, na alitaka kusikia kama kuna kiungo kinacholia. Akainuka, akaenda, akaketi kwenye kile kiti, mikono magotini.

Wimbo wa pili ulianza bila chombo. Palikuwa kimya, kimya chenye mkwaruzo wa sindano, kisha sauti ya mtu ikaita kutoka pembe ya kushoto mbele. Waimbaji walikuwa wameipitisha katika kitu fulani, ikatoka kavu, imepasuka kingo, kama ya mtu anayesemea ndani ya bomba la bati. Iliita neno moja. Ikanyamaza. Ikaita jingine kutoka kulia nyuma. Halafu kutoka pembe nyingine, halafu zote nne, zikikatizana. Ilikuwa Kiingereza, na Waruguru hakuelewa hata neno moja. Mwili wake uliitambua kabla yake. Taulo lilimtoka begani.

Mbuthia aliteremka kwenye kiti. Hakuanguka, aliteremka, kama mtu anayefanya kazi aliyoizoea. Akachuchumaa sakafuni, akafumbata vidole juu ya kichwa, viwiko mbele, kidevu kifuani. Akabaki hivyo.

Ngigi alikuwa ameinamia vifundo. Alipogeuka alifikiri baba yake anatazama waya. "Usishike hiyo, baba, ina…" Kisha akaona vizuri. Alimtazama mama yake, na mama yake akamwonyesha kwa kidole: toa. Akainua sindano kwa pupa na santuri ikatoa mlio mbaya.

Katika kimya kilichofuata ilisikika redio ya mtu mtaani ikitangaza mpira. Mbuthia alifungua vidole. Akainuka polepole, akapangusa suruali magotini.

"Boksi la nyuma linatetemeka," alisema. "Nitalitia gundi."

Akachukua kofia yake, akatoka. Hakurudi hadi jua lilipokuwa linazama.

Ngigi alimfuata mama yake uani alikokuwa akiwasha jiko. Alichuchumaa, kisha akakumbuka namna alivyochuchumaa baba yake, akasimama tena.

"Ni nini ile, mama?"

Waruguru alipepea makaa. Alifikiri kumwambia kwamba baba yake amechoka. Lakini kijana alikuwa ameona.

"Tulikuwa tunakaa Bahati," alisema. "Aprili ya hamsini na nne. Tuliamshwa alfajiri na vipaza sauti. Askari walikuwa wamezunguka mtaa mzima, wameviweka kwenye magari, sauti inatoka huku, inatoka kule. Hujui ukimbilie wapi. Wanasema tokeni nje, mikono kichwani. Tukatoka."

"Na baba?"

"Wanaume wa Kikuyu waliketishwa hivyo, safu kwa safu. Mtu amevishwa gunia kichwani, matundu ya macho tu, anapita. Akitikisa kichwa mbele yako, umekwenda."

"Mbona hamkuniambia?"

"Ulikuwepo," Waruguru alisema. "Ulikuwa mgongoni mwangu."

Ngigi alifunika mashine kwa shuka, akarudisha kitanda na pazia. Wiki nzima hakuigusa, na ndani ya nyumba watu walipishana na zile spika kama unavyopishana na mgeni aliyelala. Ngigi alisema atazirudisha dukani. Waruguru alimwambia afanye aonavyo.

Lakini Jumamosi Mbuthia alirudi na chupa ya gundi. Alifungua boksi la nyuma, akalitia gundi, akalibana kwa kamba. Jumapili mchana, chakula kilipoondolewa, aliivuta shuka mwenyewe.

"Weka," alimwambia mwanawe.

"Baba, si lazima."

"Nimesema weka."

Kabla Ngigi hajafikia sahani, Mbuthia alizibeba spika moja moja kutoka pembeni na kuzipanga zote mbele, ukuta wa mlango, kama watu waliosimama kupigwa picha. Akarudi kwenye kochi lake, mgongo ukutani, akazitazama. Ngigi alieleza kwamba hivyo muziki unaharibika, kwamba yote yatakuja kutoka mahali pamoja.

"Ndiyo," Mbuthia alisema.

Wimbo wa pili ulipofika, Waruguru alisimama mlangoni pa jikoni akiwa tayari kwa lolote. Sauti ya bati iliita. Mbuthia alishika magoti yake, lakini hakuteremka. Aliusikiliza hadi mwisho, akageuza kichwa kidogo kila neno lilipotoka, kama anayelihesabia mahali pake. Uso wake ulikuwa na jasho. Wimbo ulipokwisha alisema, "Tena."

Basi ikawa hivyo kila Jumapili. Waruguru hakupenda kukaa ndani, maana spika zikiwa zimepangwa pamoja zilipiga kifuani kama mkono. Alichukua kigoda akaketi kibarazani na kazi yake ya kufuma. Siku moja alipoinuka kunyoosha miguu alichungulia dirishani, akamwona Ngigi ameketi kwenye kochi kando ya baba yake, kichwa kimeinamishwa, na Mbuthia mdomo wake unakwenda.

Waruguru alisimama pale. Mdomo ulikwenda, ukapumzika, ukaenda tena. Mkono wa Mbuthia ulichora kitu hewani, labda uzio, labda barabara. Nyimbo ziliunguruma, vioo vikatetemeka, na hata neno moja halikumfikia. Santuri ilipofika mwisho wa upande, mdomo ukafunga. Ngigi aligeuza santuri, na baba yake akaendelea.

Jumapili iliyofuata aliangalia tena. Ilikuwa vilevile. Mumewe alikuwa akisema, na alikuwa akisema pale tu ambapo hakuna mtu wa nje angeweza kumsikia, na mtu wa nje alikuwa yeye.

Alimkamata Ngigi uani akichota maji.

"Baba yako anakuambia nini?"

"Mambo ya zamani, mama."

"Mambo gani ya zamani?"

Ngigi aliangalia ndoo ikijaa. "Ya Manyani. Ya barabarani kwenda huko. Alisema ni mambo ya wanaume."

Waruguru alichukua ndoo ikiwa nusu, akaingia nayo ndani. Alipika, akaosha vyombo, akalala, akaamka. Kazi zake alizifanya zote. Alikuwa na kibanda cha kuuza viazi na vitunguu karibu na Jogoo Road, na wateja wa wiki hiyo wangesema hakuwa na tofauti. Lakini maneno yale yalikaa kama punje ya mchanga ndani ya kiatu. Miaka yote hiyo alikuwa ameheshimu kimya cha mtu, akakizunguka kama anavyozungukwa mgonjwa, akawafundisha na wengine wakizunguke. Hakujua kwamba kimya hicho kilikuwa kimefungwa kwa upande wake tu.

Jumapili alitoka kibarazani kama kawaida. Akasubiri chuma kizito kianze. Kisha akaweka uzi wake kwenye kigoda, akafungua mlango, akaingia.

Mbuthia alinyamaza mara moja. Alimfanyia Ngigi ishara azime.

"Usizime," Waruguru alisema. Hakusikika. Akasema kwa nguvu zaidi: "Usizime! Acha ilie!"

Alivuta kile kiti cha mbao, akakiweka mbele ya spika, akaketi akiwatazama, kelele yote ikiwa nyuma yake.

"Mambo ya wanaume!" alisema. "Mimi nilikuwa wapi?"

Mbuthia aligeuza macho mlangoni.

"Nakuuliza! Nilikuwa wapi siku hiyo, nilikuwa harusini?"

Akaanza kusimulia. Ilimbidi apige kelele ili ajisikie mwenyewe, na kupiga kelele kulimsaidia, kwa sababu hakuna namna ya kupiga kelele huku unachagua maneno. Alisimulia jinsi wanawake walivyosukumwa upande wa pili wa uwanja na kuketishwa chini. Alisimulia habari za askari wa Kizungu kijana, ana chunusi, aliyefungua shuka ya mtoto aone kama imefichwa bunduki. Jua likapanda. Wanaume wakaanza kuinuliwa safu kwa safu kupelekwa kwenye malori, mikono kichwani, na kwa mbali wote walifanana.

"Nilikujua kwa shati! Nilikuwa nimekushonea kiraka cha bluu begani. Nikasimama. Mama mmoja akanivuta nikae, nikamsukuma. Nikakuita. Sikuita Baba Ngigi. Nilikuita jina lako, mbele ya watu wote, Mbuthia! Mbuthia! Sina haya, naita kama mwendawazimu. Na ulikuwa karibu, kama kutoka hapa hadi mlangoni kwa Mama Roseline. Hukugeuka!"

Magitaa yalipanda mlima wao nyuma yake.

"Tulipakiwa siku ya pili. Tukapelekwa rizavu, kwetu mashambani, tukachimba handaki la kuzunguka kijiji, huyu hapa mgongoni. Kila nikichimba nasema, alinisikia. Alinisikia akakataa kugeuka. Ameona aibu ya mke anayepiga kelele. Halafu ukarudi. Nikangoja uniulize, na wewe ulikuwa wapi? Uliona nini? Siku moja tu, neno moja. Hukuniuliza! Nikasema, basi, ni kweli. Alisikia!"

Hapo upande wa santuri ulikuwa umekwisha. Ngigi aliona sindano ikizunguka mfereji wa mwisho, lakini hakuthubutu kuinuka. Waruguru hakutambua. Aliendelea kwa sauti ileile, ndani ya nyumba iliyokuwa kimya:

"Ulisikia au hukusikia?"

Neno lilitoka likagonga ukuta likarudi. Akajisikia, akafumba mdomo.

Mbuthia alikuwa ameinama, anatazama mikono yake.

"Sikusikia," alisema. "Vile vipaza sauti vilikuwa karibu na sisi. Sikusikia chochote."

Waruguru akatikisa kichwa polepole.

"Au nilisikia," Mbuthia alisema. "Sijui, Waruguru. Nimejaribu kukumbuka. Waliokuwa wakigeuka walikuwa wanapigwa. Kulikuwa na mtu mbele yangu, aligeuka kwa sababu aliitwa. Kwa hiyo huenda kulikuwa na sauti, nami nikasema si yangu."

Ngigi alikuwa ameketi kati yao akiwa mtu mzima mwenye ndevu, anatazama sakafu. Waruguru alingoja hasira ije, maana alikuwa ameiwekea nafasi kwa muda mrefu. Ilikuja kidogo tu, ikakaa. Jibu hilo halikuwa zuri. Lakini lilikuwa lake, ameambiwa yeye, na halikuwa limepambwa.

Mlango uligongwa na Benta akaingiza kichwa bila kungoja. Nyuma yake alisimama Walter na sare yake ya reli, kijiko mkononi, ameinuliwa mezani.

"Mama Ngigi, kuna nini? Muziki umezimwa na bado nasikia kelele. Kuna mtu anakupiga?"

"Hakuna."

"Mnagombana?"

Waruguru alifikiri. "Tunaongea," alisema.

Benta aliwatazama mmoja mmoja, akatazama na zile spika zilizosimama zote ukutani. "Haya. Ongeeni basi," alisema, akamshika Walter mkono, wakarudi kwenye chakula chao.

Baada ya siku hiyo Mbuthia hakugeuka kuwa mtu wa maneno. Mara nyingine Jumapili zilipita bila yeye kufungua mdomo, santuri ikalia tu. Ngigi alinunua nyingine, za rumba, na Benta akawa mteja wa kudumu wa hizo. Spika mbili zilirudi pembeni, kwa sababu Mbuthia mwenyewe alizirudisha, moja baada ya nyingine, miezi kadhaa katikati. Zile nyingine mbili hazikuwahi kurudi nyuma yake, na Ngigi aliacha kuzungumzia muziki unaoharibika. Alipooa, na baadaye akahamia Donholm, alizichukua zote. Baba yake alimsaidia kuzipakia, akakagua viungo, akaridhika.

Jioni ya siku hiyo chumba cha mbele kilikuwa kikubwa na chenye mwangwi. Waruguru alikuwa anapanga vikombe kabatini. Mbuthia alikuwa ameketi mezani, hajavua kofia.

"Kule uwanjani," alisema, "mkiwa mmekalishwa. Mtoto alikula nini?"

Waruguru aliweka kikombe chini. Hakuna mtu aliyewahi kumuuliza hilo.

"Kulikuwa na mwanamke Mkamba," alisema. "Alikuwa ameshikwa kwa makosa. Alikuwa na chupa ya maziwa ndani ya kiondo. Hakuniambia jina lake."

"Akampa?"

"Akampa yote."

Mbuthia alivua kofia, akaiweka mezani, na kwa mguu wake akakisogeza mbele kiti cha pili ili mkewe akae.